Kudumaza si Kuua

Walimu wa Kiswahili tuna dhambi zetu, na yangu nitaiungama leo hadharani.

Wanafunzi wa chama cha sayansi katika shule ninayofundisha walikata shauri kutafsiri kikaratasi cha mawaidha ya afya ili wakibandike kwenye ubao wa matangazo siku ya wazazi. Kikaratasi chenyewe kilikuwa cha Kiingereza. Ndani yake mlikuwa na sentensi iliyoeleza kwamba ziko dawa zinazoua bakteria, na ziko nyingine zinazowasimamisha tu wasiendelee kukua wala kuzaana. Tafsiri ikaletwa mezani pangu niisahihishe. Wanafunzi walikuwa wameandika hivi: "Baadhi ya dawa huua bakteria, na nyingine huua bakteria polepole." Nikakagua ngeli, nikakagua upatanisho wa sarufi, nikakagua tahajia. Sikuona ila. Nikatia sahihi yangu, karatasi ikaenda ukutani.

Aliyenizindua ni mwenzangu afundishaye biolojia. Alisimama mbele ya ubao ule, akasoma, kisha akanijia chumba cha walimu huku akitabasamu. "Mwalimu," akasema, "sarufi yako haina dosari, lakini sentensi hii imewaua walio hai."

Nilidhani ananitania. Hakuwa akitania, na tangu siku hiyo nimekuwa nikilitafakari jambo hili.

Neno lililowashinda wanafunzi wangu, nami likanishinda, ni bakteriostatiki. Ni neno lenye viungo viwili vya asili ya Kiyunani. Kiungo cha kwanza maana yake ni kijiti, kwa sababu ya umbo la wale viumbe waliopewa jina hilo mwanzoni. Cha pili kina maana ya kusimamisha, yaani kukifanya kitu kikae pale pale kilipo. Mwenzake, ambaye ndiye hasimu yake pia, ni bakterisidi. Mkia wa neno hilo umetokana na kitenzi cha Kilatini chenye maana ya kuua. Dawa ya kwanza humkuta adui akatulia tuli. Dawa ya pili humwacha maiti. Wanafunzi wangu waliona maneno mawili, wakapata kitenzi kimoja, kisha wakaongeza "polepole" ili kuziba pengo. Siwalaumu. Kitenzi hicho kimoja ndicho tulichowafunza.

Tuitazame kazi yenyewe, maana bila kuijua kazi hatuwezi kulipima neno. Mwaka wa 1935 mtafiti wa Kijerumani, Gerhard Domagk, alitangaza kwamba rangi fulani nyekundu iliyoitwa Prontosil iliwaponya panya walioambukizwa bakteria hatari. Baadaye ikatambulikana kuwa nguvu yake imo katika kemikali ya sulfa iliyofichika ndani ya rangi hiyo. Sulfa haimpasui bakteria wala haimchomi. Bakteria wengi hulazimika kujitengenezea wenyewe kirutubisho kiitwacho folati, ambacho sisi hukipata tayari katika mboga za majani na vyakula vingine. Sulfa inafanana mno na malighafi ya kirutubisho hicho. Bakteria huipokea kama fundi aliyeletewa mawe bandia. Akijaribu kujenga, ukuta haupandi. Hajafa. Yupo, ila hawezi kukua wala kuzaa. Tetrasaiklini nayo hufika kwenye karakana ndogo ambamo bakteria hutengeneza protini, ikaziba njia. Kazi husimama, lakini mfanyakazi yungali hai.

Basi ni nani anayewamaliza? Ni chembe nyeupe za damu, wale askari wa mwili ambao kila mwanafunzi wa sekondari huwachora katika daftari lake. Dawa ya kusimamisha huwapa askari hao muda. Adui asipozaana huweza kumalizwa mmoja mmoja. Lakini dawa ikiondolewa kabla ya kazi kwisha, aliyesimama huendelea na safari yake kutoka pale alipokomea. Na kama askari wenyewe ni dhaifu, kwa mfano kwa mgonjwa ambaye chembe zake nyeupe zimepungua sana, kumsimamisha adui pekee huenda kusimfae kitu. Ndiyo maana daktari anapaswa kujua aliyoiandika ni dawa ya namna gani.

Wapo watakaoniuliza: hayo si ya daktari na mfamasia? Mwalimu wa lugha yanamhusu nini? Nitajibu kwa kisa kimoja cha kweli ambacho mwenzangu wa biolojia alinisimulia, na ambacho kiliniondolea kabisa dhana kwamba tunabishania maneno matupu.

Mwaka wa 1951 madaktari wawili wa Marekani, Lepper na Dowling, walichapisha matokeo ya tiba ya homa ya uti wa mgongo iliyosababishwa na aina ya bakteria waletao pia nimonia. Wagonjwa 43 walitibiwa kwa penisilini peke yake. Wengine 14 walitibiwa kwa penisilini pamoja na dawa ya jamii ya tetrasaiklini. Mtu yeyote mwenye akili ya kawaida angetarajia kuwa dawa mbili zitashinda moja. Miongoni mwa waliopewa penisilini tu, waliofariki walikuwa asilimia 30. Miongoni mwa waliopewa zote mbili, walikuwa asilimia 79.

Sababu yake imo ndani ya vile vitenzi viwili. Penisilini huua, lakini humuua bakteria anayekua. Humvizia anapoujenga ukuta wake, ikauharibu ujenzi, akapasuka. Tetrasaiklini humfanya asikue. Basi aliyesimamishwa na dawa moja akawa amekingwa dhidi ya nyingine. Si kila mchanganyiko una hasara kama hiyo, na ipo ambayo madaktari huichagua makusudi kwa manufaa. Lakini mtu aliyefunzwa kwamba dawa zote "huua viini" hawezi hata kuliona swali. Kwake yeye, kuongeza dawa ni kuongeza risasi. Ndivyo wanunuavyo watu wetu vidonge viwili vya rangi hii na vitatu vya rangi ile katika duka la dawa, bila cheti, wakavimeza pamoja kwa chai.

Sasa tuigeukie lugha. Magazeti na redio zetu huziita dawa za aina hii viuavijasumu. Ni neno zuri kwa muundo. Limefuata kanuni ileile iliyotupa kiuadudu na kiuagugu, na msikilizaji halazimiki kukimbilia kamusi. Ila lina kasoro ambayo sijaona ikijadiliwa: limekula yamini kwamba kila dawa iliyomo kundini huua. Tetrasaiklini imo kundini, wala kazi yake ya kawaida si kuua. Sulfa aghalabu hutajwa humo humo. Jina limebeba ahadi ambayo baadhi ya wenye jina hawaitimizi. Sisemi tulitupe, kwani limekwisha zoeleka na jamii haibadilishi maneno kwa amri. Nasema tulipatie ndugu.

Ndugu huyo ataitwa nani? Wengi hukimbilia kuzuia: "dawa ya kuzuia bakteria". Neno hilo silikubali. Kuzuia katika Kiswahili kumebeba mizigo mingi. Mlango huzuia, chandarua huzuia, chanjo huzuia. Msomaji akiona "dawa ya kuzuia bakteria" ataelewa kuwa ni ya kumezwa kabla ya ugonjwa, ili bakteria wasiingie. Tutakuwa tumetoka kwenye kosa moja na kutumbukia katika jingine.

Wajuzi wa lugha ya pwani watanikumbusha kitenzi kuvia, na mwanawe kuviza. Kitu kikivia huwa kimekoma kukua kabla ya wakati wake, na kuviza ni kukifanya kiwe hivyo. Maana inakaribia mno tunachokitafuta. Walakini, yai viza ni yai lililoharibika, na harufu ya yai hilo imeganda kwenye neno. Isitoshe, kijana wa leo akisikia "viza" huiona foleni ya ubalozini. Neno lilikuwa na haki yake, lakini wakati umelidhulumu.

Watanzania wamelitumia neno jingine ambalo nalivulia kofia. Dawa zinazopewa watu wanaoishi na virusi vya Ukimwi huitwa huko dawa za kufubaza virusi. Rangi ya leso ikipigwa jua kwa muda mrefu hufubaa. Haiondoki, ila ukali wake hupotea. Hapa Kenya tumezoea kusema dawa za kupunguza makali. Angalia, msomaji, jinsi lugha ilivyokuwa na hekima katika jambo hilo. Dawa hizo huvizuia virusi visizaane, lakini vingine hubaki vimejificha ndani ya chembe za mwili, na dawa ikiachwa huibuka tena. Wananchi hawakuzoea kuziita dawa za kuua virusi. Zikaitwa kwa kazi yake halisi, na mgonjwa akisikia jina hilo huelewa papo hapo kwa nini dawa inamezwa kila siku hata anapojihisi mzima. Lau tungeziita za kuua, ni wangapi wangeziacha mara tu waliponenepa?

Hivyo basi hatuwezi kudai kwamba Kiswahili hakina uwezo wa kutofautisha. Kimekwisha kutofautisha, tena katika jambo zito.

Kwa upande wa bakteria, neno ninaloliona linafaa ni kudumaza. Kamusi zinalijua, wakulima wanalijua, wauguzi wa kliniki za watoto wanalijua. Mtoto aliyedumaa yu hai ila hakui. Tukiwa tayari na kiuabakteria, hatushindwi kuwa na kidumazabakteria. Na penye vijasumu kwa jumla, vidumazavijasumu vikae kando ya viuavijasumu. Muundo ni uleule, na mwanafunzi atakayesoma jozi hiyo atauona ubishi ulio kati ya vitenzi viwili bila kuelezwa.

Nimekwisha pingwa juu ya neno hili, na pingamizi lenyewe ni la haki. Mwenzangu wa biolojia aliniambia kuwa udumavu wa mtoto aghalabu haurudi nyuma, ilhali bakteria aliyesimamishwa huamka dawa ikiondoka. Nikamjibu kuwa mahindi yaliyodumaa kwa kiangazi kifupi hunyanyuka mvua ikinyesha, na mkulima hasemi alikosea kuyaita yaliyodumaa. Hakuridhika sana. Nami nakiri kuwa sijapata neno lisilo na upungufu, huenda halipo.

Alinieleza jambo jingine ambalo lingenikatisha tamaa kama ningekuwa mtu wa kukata tamaa upesi. Mpaka kati ya kuua na kudumaza si ukuta wa mawe. Katika maabara, dawa huhesabiwa kuwa ya kuua ikiwaangamiza angalau asilimia 99.9 ya bakteria waliokuwapo mwanzoni, kwa muda wa kiasi cha saa 24. (Matangazo ya sabuni nayo yametuzoesha tarakimu hiyo hiyo, hata mtoto wa chekechea anaijua.) Dawa isiyofikia kiwango hicho haistahili jina la muuaji, hata kama imeua wengi. Fauka ya hayo, dawa moja yaweza kuwa na sura mbili. Kloramfeniko huwadumaza bakteria wa aina nyingi, lakini huwaua baadhi ya wale waletao homa ya uti wa mgongo. Kiasi cha dawa nacho kina neno lake. Hata hivyo, kuwapo kwa alfajiri hakujafanya usiku na mchana kuwa kitu kimoja, na sioni kwa nini lugha ipoteze maneno mawili kwa kuwa kati yao pana wakati wa mashaka.

La kushangaza ni kwamba wazee wetu waliuishi utofauti huu kabla ya hadubini kufika katika nchi hizi. Papa mkavu na ng'onda wa pwani hawakuuawa viini vyao vyote. Chumvi iliyafyonza maji, na pasipo maji bakteria walio wengi hawawezi kuzaana. Omena wa Ziwa Victoria huanikwa juani kwa sababu hiyo hiyo, na kila mchuuzi wa omena anajua kuwa mvua ikimnyeshea mzigo, mzigo huoza. Kama jua lingekuwa limeua viini vyote vikaisha, mvua ingewezaje kuviamsha? Nyirinyiri, ile nyama iliyokaushwa na kuhifadhiwa katika mafuta, hudumu kwa muda mrefu katika nchi zenye joto kali. Mursik wa Wakalenjin hukaa ndani ya kibuyu, na uchachu wake huwanyima bakteria waozeshao nafasi ya kustawi. Achari ya maembe na ndimu ni maarifa hayo hayo kwa mlango mwingine. Hizo zote ni mbinu za kudumaza. Mama anayetia samaki chumvi hasemi "nawaua wadudu". Husema anamtia chumvi asioze. Lugha yake ni sahihi kuliko ya vitabu vyetu.

Ni sisi tuliosoma ndio tuliovuruga. Muulize mwanafunzi jokofu hufanya nini, aghalabu atakuambia baridi huua viini. Si kweli. Katika nyuzi 4 bakteria wengi hupunguza mwendo tu, na wapo, kama listeria, ambao huendelea kukua hata humo. Barafu nayo huwalaza wengi bila kuwaua. Nyama ikitolewa, ikayeyuka, ikasahauliwa mezani tangu asubuhi hadi jioni, waliolala huamka wakaendelea kuzaana. Umeme ukikatika usiku kucha ukarudi alfajiri, jokofu litakuwa baridi tena, na mwenye nyumba aliyefunzwa kwamba baridi huua atadhani mambo yamerudi shwari. Kuchemsha maziwa ni jambo tofauti: moto huua. Kiwandani maziwa hupashwa joto la nyuzi 72 kwa sekunde 15 ili kuwaua bakteria waletao maradhi, kisha hutiwa baridi ili kuwadumaza waliosalia. Sentensi hiyo moja inahitaji vitenzi viwili. Jaribu kuiandika kwa kimoja uone itakavyokuwa.

Najua hoja nyingine inayonisubiri. Sayansi hapa Kenya hufundishwa kwa Kiingereza na mtihani huandikwa kwa Kiingereza, basi tafsiri hizi ni za nini? Nitasema hivi. Mtihani ni wa saa mbili. Ugonjwa humkuta mtu nyumbani, na nyumbani watu wetu wengi hawaugui kwa Kiingereza. Mwanafunzi wa biolojia ndiye atakayemsomea nyanyake maandishi ya kwenye chupa ya dawa. Atayasoma kwa Kiingereza, atayasema kwa Kiswahili au kwa lugha ya mama, na hapo katikati ndipo neno linapookoka au linapopotea. Tangu mwaka wa 1985 Kiswahili ni somo la lazima na la kutahiniwa katika shule zetu, na Katiba ya mwaka wa 2010 imekifanya kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi. Heshima hiyo itakuwa ya nini ikiwa lugha yenyewe haiwezi kumweleza nyanya tofauti ya vidonge viwili?

Isitoshe, wakati si rafiki yetu. Alexander Fleming, aliyeigundua penisilini mwaka wa 1928, alipopokea Tuzo ya Nobel mwaka wa 1945 alitahadharisha kuwa dawa ikitumiwa kwa kiasi kidogo mno itawazoesha bakteria badala ya kuwaangamiza. Tahadhari yake imetimia. Utafiti uliochapishwa mwaka wa 2022 ulikadiria kuwa vifo milioni 1.27 duniani katika mwaka wa 2019 vilisababishwa moja kwa moja na bakteria walioshinda dawa. Hali hiyo kwa Kiswahili tunaiita usugu. Tulilichukua neno sugu, ile ngozi ngumu ya kiganja cha mshika jembe, tukalipa kazi katika sayansi, na hakuna aliyelalamika kuwa halina hadhi. Mwanafunzi akisikia usugu, anauona mkono wa babake. Ikiwa sugu imeweza, dumaza itashindwaje?

Hatua ya kwanza si kubwa. Mwalimu wa Kiswahili anayetunga kifungu cha ufahamu kuhusu afya na amwonyeshe mwenzake wa biolojia kabla ya kukipeleka darasani. Mwalimu wa biolojia naye, akisahihisha, asiridhike na "huua viini" kila mahali. Aulize: viliuawa, vilidumazwa, au vilizuiwa visiingie? Watunzi wa vitabu vya kiada wana deni kubwa zaidi, lakini hao nitawarudia siku nyingine.

Kuhusu karatasi yetu ya ukutani, niliwaita wanafunzi tukaiteremsha. Tulifuta "huua bakteria polepole" tukaandika "huwadumaza bakteria ili mwili upate nafasi ya kuwamaliza". Msichana mmoja wa Kidato cha Tatu akauliza kama tuongeze kwamba dawa isiachwe kabla ya siku alizosema daktari. Tukaongeza. Mwenzangu wa biolojia alipita, akasoma, akasema bado hajalikubali sawasawa hilo neno dumaza. Aliye na bora kuliko hilo na alilete. Kalamu ya kulifutia langu ninayo.